Magoma na Ada ya Shule

Msimu wa kahawa ukikaribia, vilima vya Litembo wilayani Mbinga hupata wanunuzi wa aina mbili. Wa kwanza ni chama cha msingi cha ushirika, AMCOS, kinachokusanya kahawa na kuipeleka mnadani. Wa pili, mlanguzi, huwahi, pesa taslimu mfukoni: biashara yake ndiyo magoma, kahawa kuuzwa ingali mtini kwa bei ya shida. Serikali imeyapiga marufuku, lakini ada ya shule haisubiri mnada. Mmatengo, mkulima wa vilima hivi aliyebuni mashimo ya ngoro kuzuia mmomonyoko wa udongo, hakosi akili. Anakosa mkopo wa miezi michache. Amri pekee haitafuta magoma. Chama kikitoa malipo ya awali kwa wakati, mlanguzi hatakuwa na pa kushika.