Jalada la Mtumishi Ndilo Shahidi Wake

(Mazungumzo kwa walimu na watumishi wa Serikali wa Kyimo, wilayani Rungwe)



Mwalimu wa Kyimo anayestaafu akiwa na umri wa miaka 60 haanzi siku hiyo kutafuta haki yake. Haki hiyo imekwisha kuandikwa, au kupotoshwa, miaka mingi nyuma katika masjala. Tarehe ya ajira ya kwanza, tarehe ya kuthibitishwa kazini na barua za kupandishwa cheo ndizo zinazomweka mahali pake katika tange, yaani orodha ya watumishi kwa kadiri ya ukubwa wao kazini. Akikosewa hapo, wenzake walioajiriwa naye siku moja hupanda ngazi ya mshahara, naye akabaki akiwatazama. Wala kosa hilo halifi siku ya kustaafu.

Hesabu yenyewe si ngumu. Kanuni iliyoanza kutumika Julai 2022 huchukua wastani wa mishahara ya miaka mitatu iliyo bora katika miaka kumi ya mwisho, ikazidisha kwa miezi ya utumishi na kugawanya kwa 580. Aliyetumikia miezi 360 hupata kiasi cha asilimia 62 ya wastani huo, kabla sehemu yake haijatolewa kwa mkupuo. Kwa hiyo mwalimu ambaye mshahara wake wa miaka hiyo umepungua shilingi 100,000 kwa mwezi, kwa sababu tu ya cheo kilichocheleweshwa, hukatwa karibu shilingi 62,000 kwa kila mwezi wa pensheni yake kamili, kabla ya mkupuo kutolewa. Mkubwa aliyeiacha barua ile mezani bila kutia sahihi pengine alihamishwa zamani, tena hakumbuki lolote.

Sheria za pensheni za wakoloni zilikuwa na desturi ya kutamka kwamba mtumishi hana haki kamili ya kudai pensheni. Ilikuwa kama hisani ya bwana kwa mtumwa wake mtiifu. Hata baada ya Uhuru, Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali ya mwaka 1967 ilimtaka raia apate kibali cha Serikali yenyewe kabla ya kuishtaki. Ni mwaka 1993 tu, katika shauri la Kukutia Ole Pumbun, Mahakama ya Rufani ilipoamua kwamba sharti hilo linakwenda kinyume cha Katiba. Tangu mwaka 1994 kinachotakiwa ni notisi ya siku 90. Katika miaka hiyohiyo, Mahakama Kuu mjini Dodoma, chini ya Jaji Mwalusanya, iliamua katika shauri la James Gwagilo kwamba mtumishi anayestaafishwa kwa manufaa ya umma hana budi kuelezwa sababu.

Hata hivyo mlango wa mahakama ukiwa wazi, njia ya kuufikia ni ndefu. Waliokuwa watumishi wa Jumuiya ya Afrika Mashariki wanaijua. Jumuiya ilivunjika mwaka 1977. Mkataba wa kugawana mali na madeni yake ukatiwa sahihi mwaka 1984, na kila nchi ikabeba mzigo wa pensheni za watu wake. Hapa Tanzania wazee wa reli, bandari, posta na ndege walifungua shauri Mahakama Kuu mwaka 2003, na makubaliano yakafikiwa mwaka 2005, miaka 28 baada ya kazi yao kwisha. Hata baada ya hapo mvutano juu ya nani amelipwa na kwa hesabu gani uliendelea. Wengi walikwisha kufariki, na warithi wakabaki na karatasi chakavu mikononi.

Mfano wa karibu zaidi ni wa mwaka 2016, Serikali iliposimamisha upandishaji wa vyeo ili kuwahakiki watumishi hewa na vyeti vya kughushi. Uhakiki ulikuwa wa lazima, na mwizi wa mshahara hastahili huruma. Lakini mwalimu mwenye cheti halali naye alisimamishwa pamoja na mwongo, na muda ule alioupoteza ungepasa kurudishwa kwake katika tange bila yeye kuandika barua kumi za kuomba.

Anayelalamika asikimbilie mahakama ya kazi. Marekebisho ya mwaka 2016 ya Sheria ya Utumishi wa Umma yanamtaka amalize kwanza ngazi zilizomo ndani ya utumishi. Mwalimu ana Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2015. Mashauri yaliyoruka ngazi hizo yametupwa, hata yale yenye madai ya kweli.

Umangimeza hulindwa na giza la masjala. Ofisi ya elimu pale Tukuyu ikiibandika tange ukutani kila Januari, na nakala ikafika shuleni Kyimo, mwalimu ataliona kosa mwaka uleule, angali kijana, na karani aliyelifanya angali mezani pake.