Maisha ya Bibi Zohra Sehgal, na Ombi Langu kwa Ukoo

(Maneno yaliyosemwa baada ya chakula cha usiku, Jumamosi ya mkutano wetu)

Wazee wetu waheshimiwa, mama zetu, ndugu zangu, wana na wajukuu mliofika kutoka Maskati, Dubai, Mombasa, Unguja, Toronto na kila pembe ya Uingereza!

Kamati imenitaka niseme machache. Desturi yetu ni kwamba mzee akisimama saa kama hii husimulia nasaba: nani alimzaa nani, na jahazi gani lilimleta babu yupi. Leo mniwie radhi. Nitasimulia habari za mwanamke asiye wa damu yetu, mwigizaji wa jukwaani na wa filamu, kisha nitaeleza kwa nini nimemleta mbele yenu.

Walio rika langu wanakumbuka sinema ya Majestic pale Vuga, na maonyesho ya zanana yaliyokuwa ya wanawake peke yao. Mama zetu walikwenda na mabaibui yao na kikapu cha karanga, wakarudi macho mekundu kwa kulia, na wiki nzima jikoni hapasikiki ila nyimbo za Kihindi. Hatukuliona hilo kuwa aibu. Aibu tuliiweka upande wa pili wa pazia, kwa yule mwanamke aliyetuliza. Tulimpenda, tukamlipia tiketi, lakini binti yetu hatukutaka awe yeye.

Bibi Zohra alizaliwa tarehe 27 Aprili 1912, Bara Hindi, katika ukoo wa Kiislamu wa Kipathani. Mama yake alifariki yeye akiwa mdogo, na jicho lake la kushoto lilipoteza nuru angali mtoto mchanga. Alisomeshwa Lahore, katika chuo cha wasichana waliokaa utawani kwelikweli. Msichana wa namna hiyo wakati ule njia yake ilijulikana: asome kidogo, aposwe, aolewe. Lakini alikuwa na mjomba aliyeishi Uskoti, naye akamwona mtoto kuwa ana kipaji. Mwaka 1930 wakaondoka Lahore kwa motokaa, wakapita Iran na Syria hadi Misri, kisha wakavuka bahari kwenda Ulaya. Nawaomba wajomba mlio humu ndani mlishike neno hilo. Palikuwa na mjomba.

Huko Ujerumani, katika mji wa Dresden, alijifunza densi kwa miaka mitatu katika shule ya Mary Wigman. Mwaka 1935 akajiunga na kikundi cha Uday Shankar, akacheza naye Japani, Misri, Ulaya na Marekani. Aliporudi kwao alifundisha katika kituo cha Shankar huko Almora, na hapo akakutana na Kameshwar Sehgal, kijana Mhindu aliyekuwa mdogo wake kwa miaka minane. Walioana mwaka 1942. Mwanzoni ndoa hiyo ilipingwa. Nalisema hili waziwazi ili mtu asidhani nimekuja kuwataka mkubali kila alilolitenda. Sikuja kwa hilo. Nimekuja kuonyesha kazi yake.

Na kazi hiyo ilikuwa nzito. Mwaka 1945 aliingia Prithvi Theatre, kikundi cha Prithviraj Kapoor huko Bombay, kwa mshahara wa rupia 400 kwa mwezi. Kwa miaka 14 alizunguka nacho India yote, mji hadi mji. Mwaka 1946 alionekana katika filamu mbili, Dharti Ke Lal na Neecha Nagar, na hii ya pili ilikuwa miongoni mwa zilizopewa tuzo kuu katika tamasha la Cannes mwaka huohuo. Alitunga pia densi za filamu, ikiwamo Baazi ya mwaka 1951. Wanaodhani uigizaji ni mchezo wa wavivu wajiulize ni wangapi kati yetu tumeweza kuishika kazi moja ngumu kwa miaka 14, huku tunalea.

Mwaka 1959 mumewe akafariki, akamwachia watoto wawili. Mwaka 1962 alipata nafasi ya masomo ya uigizaji, akaja London. Alikuwa na umri wa miaka 50.

Ndugu zangu, hapa ndipo habari yake inaponigusa. Nani kati ya wazee waliokaa meza ile ya mbele hajui maana ya kushuka London mtu mzima, ukiwa kwenu unaitwa mwalimu au karani mkuu, na hapa huitwi kitu? Tuliosha vyombo, tuliendesha mabasi, tulifunga mizigo ghalani usiku, na vyeti vyetu tukaviweka chini ya godoro. Bibi huyu naye alianza upya. Alifundisha densi, akapata visehemu vidogo katika televisheni ya BBC kuanzia mwaka 1964, mhudumu hapa, mama wa mtu pale. Katika miaka ya 1976 na 1977 alikuwa mtangazaji wa Padosi, kipindi cha watu wa asili ya Bara Hindi waliokuwa wakijifunza kuishi nchi hii. Kisha mwaka 1984, akiwa na miaka 71, ikaonyeshwa The Jewel in the Crown, naye ndiye Lady Chatterjee. Nakumbuka mke wangu aliniita kutoka jikoni: "Njoo umtazame bibi huyu, anakaa kama mama yako." Ilikuwa kweli. Kwa mara ya kwanza nilimwona katika kioo kile mwanamke mzee wa pande zetu za bahari aliyekaa kitini kwa heshima yake, wala hachekwi.

Baada yake ikaja Tandoori Nights, ikaja Bhaji on the Beach mwaka 1993. Alipokwisha kurudi India, wajukuu zenu walimwona katika Dil Se ya mwaka 1998, na katika Cheeni Kum ya mwaka 2007, ambamo alikuwa mama wa Amitabh Bachchan. Serikali ya India ilimpa nishani ya Padma Vibhushan mwaka 2010. Alifariki Delhi tarehe 10 Julai 2014, akiwa na umri wa miaka 102.

Lakini nimeliruka jambo moja kwa makusudi. Bibi Zohra alikuwa na mdogo wake, Uzra Butt, mwigizaji kama yeye, na wote wawili walikuwa Prithvi. Bara Hindi ilipogawanywa mwaka 1947 ukoo wao ukapasuka. Katika miaka ya 1960 Uzra akahamia Pakistan, Zohra hakwenda naye. Sihitaji kuwaeleza nyinyi maana ya hayo. Humu ndani wapo ndugu waliozikiana wazazi kwa simu. Mwaka 1993, huko Lahore, dada hao wawili wazee walisimama tena jukwaa moja katika mchezo uitwao Ek Thi Nani, ambao ulitokana na maisha yao wenyewe. Serikali mbili zilikuwa zimewatenga. Kilichowarudisha pamoja mbele ya watu ni ile kazi tunayoiita upuuzi.

Sasa nije kwenye ukoo wetu. Nami nilikuwa na mdogo wangu. Wengi mlimwita Shangazi, nanyi wa Maskati mlimjua kuliko mimi. Mwaka 1971, Dar es Salaam, mwalimu wake alimchagua kwa sehemu kubwa katika tamthilia, na baada yake akaja nyumbani kuomba ruhusa ajiunge na kikundi. Baba alikwisha kufariki. Mwenye kauli nilikuwa mimi. Nilikuwa kijana, niliogopa watu watasema nini, nikasema hapana. Sikumwuliza hata yeye. Alikuwa amesimama mlangoni ameshika sinia ya chai. Aliiweka mezani, akatoka.

Akajifunza upigaji chapa, akafanya kazi ya ofisi miaka zaidi ya thelathini, akaolewa, akalea. Hakunilaumu kamwe. Nilipokwenda kumwona kwa mara ya mwisho, usiku mmoja tulikuwa tumekaa barazani, akanisomea sehemu yake yote ya mwaka 1971, mwanzo hadi mwisho, bila kukosea neno. Kisha akaniuliza nipendacho kwa chakula cha usiku. Sikujua la kumjibu, na hata leo sijui. Mwenyezi Mungu amrehemu.

Ndugu zangu, kesho asubuhi kamati itafungua daftari la mfuko wa elimu. Humo mna ombi la mjukuu wetu mmoja aliyepata nafasi katika chuo cha uigizaji. Mwaka jana ombi kama hilo lilirudishwa, na sababu iliyoandikwa ni kwamba mfuko ni wa elimu yenye manufaa. Tumewasaidia madaktari, wahasibu na mafundi wa kompyuta, na tumefanya vyema. Naomba na huyu apewe fungu lilelile, kwa masharti yaleyale: alete matokeo yake kila mwaka, na asiposoma asaidiwe tena na nani? Asiposoma nitamgombeza mimi mwenyewe.

Baba yake ana hofu, na hofu yake naijua kwa jina, kwa kuwa niliwahi kukaa nayo nyumba moja. Simwambii aache kuhofu. Namwomba afanye nilichoshindwa kukifanya: amwulize mtoto, amsikilize hadi mwisho, aweke mipaka yake kama mzazi, ndipo aamue. Mtoto aliyetoka na radhi hurudi. Aliyetoka kwa kutoroka hupotea, na aliyezuiwa hubaki, lakini hujui kilichobaki ndani yake.

Wala sisemi kwamba atakuwa Zohra Sehgal. Huenda akaishia kufundisha watoto wa shule michezo ya Krismasi. Hiyo nayo ni riziki ya halali.

Nimesema mengi, na wapishi wanataka meza zao. Wa safari Mungu awafikishe salama, na mwakani atukutanishe tena sote, bila kupungua.

Wassalaam.