Mtoto Hana Upande
Hotuba iliyosomwa mbele ya Mkutano Mkuu wa Mwaka



Nimeombwa niseme machache juu ya wake wa viongozi na kazi ya amani. Nimemchagua mmoja tu, Bibi Graça Machel wa Msumbiji, kwa sababu kazi yake ilifika mpaka hapa kwetu Kenya.

Wengi wamjua kuwa mke wa marais wawili. Samora Machel wa Msumbiji alimwoa mwaka 1975, na Nelson Mandela wa Afrika Kusini alimwoa mwaka 1998. Lakini yafaa tujue pia aliyoyatenda yeye mwenyewe. Alizaliwa mwaka 1945 katika jimbo la Gaza, akasoma Lisbon, na mwaka 1973 akajiunga na FRELIMO. Nchi yake ilipopata uhuru mwaka 1975 alikabidhiwa Wizara ya Elimu na Utamaduni, wakati ambapo watu zaidi ya 90 katika kila 100 hawakujua kusoma. Shule zilifunguliwa kwa bidii kubwa, kisha vita vya wenyewe kwa wenyewe vikaharibu nyingi. Mwezi wa Oktoba 1986 ndege ya Rais Samora ilianguka Mbuzini, naye akawa mjane.

Hakukaa kimya. Mwaka 1994 Umoja wa Mataifa ulimtaka achunguze madhara ya vita kwa watoto, na taarifa yake ikatolewa mwaka 1996. Ilikadiria kwamba katika miaka kumi iliyotangulia watoto milioni 2 waliuawa vitani, na mara tatu ya hao walijeruhiwa vibaya au kulemazwa. Ilionyesha kwamba risasi si adui wa pekee: shamba likitegwa mabomu, watoto hulala njaa, shule ikifungwa, kijana hupewa bunduki, zahanati ikiachwa, chanjo hukatika. Mwaka 2000 mataifa yalikubali itifaki ya kuwazuia walio chini ya miaka 18 wasipelekwe kupigana.

Sasa nakuja kwetu. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, Wakenya zaidi ya 1,000 waliuawa, na mamia ya maelfu walikimbia makwao. Bibi Graça alikuja Nairobi, akaketi na Kofi Annan na Benjamin Mkapa kuwapatanisha wakubwa wetu, mpaka mapatano yakatiwa sahihi tarehe 28 Februari 2008. Kumbe balaa aliyoiandika juu ya nchi nyingine ilikuwa imeingia nyumbani mwetu: madarasa matupu, na watoto kulala katika mahema.

Ndugu wanachama, vyama kama hiki viliundwa na watu wa jamaa moja ili wasaidiane ugenini, na jambo hilo ni jema. Lakini fitina ikizuka, chama cha namna hii chaweza kuwa daraja au ukuta. Kwa hiyo naleta ombi moja mbele yenu. Tunapogawa fedha za karo, mtoto wa jirani asiulizwe lugha ya mama yake, wala baba yake alimpigia nani kura. Aulizwe darasa lake na haja yake tu. Tena kanuni hiyo tuiandike leo, kungali na utulivu, kwa maana siku ya ghasia hakuna atakayekuwa na moyo wa kuiandika.

Naliacha jambo hili mikononi mwenu, Bwana Mwenyekiti.