Magunia Matatu ya Ufuta

(Maneno haya yalisemwa mbele ya klabu ya afya ya shule moja ya sekondari mkoani Lindi.)

Nimeombwa niongee juu ya mimea ya chakula na ya dawa, na naona wengine mmeshafungua madaftari. Yafungeni kwanza. Naanza na habari ya nyumbani kwetu.

Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu, nipo kijijini nasubiri kazi. Mdogo wangu wa kike, kidato cha pili, akashikwa na homa. Bibi akachemsha mwarobaini, kama alivyotuchemshia sisi wote tangu utoto. Siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Jioni homa inashuka, asubuhi imerudi. Mimi, msomi wa nyumba, nilinyamaza. Nani anataka kumwambia bibi aliyemlea kwamba dawa yake haifai? Siku ya tano mtoto aliinuka kwenda chooni akaanguka mlangoni.

Zahanati walimtoboa kidole: malaria. Tukapewa rufaa. Hospitali wakapima wingi wa damu, ikawa 5, wakati msichana wa umri wake anatakiwa awe na 12 au zaidi. Akaongezewa damu, akapona. Sasa hivi anasumbua watu kama kawaida yake.

Kabla hatujaruhusiwa nesi akaniuliza, "Huyu nyumbani anakula nini?" Nikajibu: ugali wa muhogo, mboga kidogo, chai ya rangi. "Na mnalima nini?" Nikasema ufuta. Akanitazama, hakusema kitu. Jamani, chumbani alikolala yule mtoto yalikuwepo magunia matatu ya ufuta yakisubiri mnada! Hatukuwa tumekula hata konzi moja. Kwetu ufuta ni hela, siyo chakula. Najua na kwenu wengi ni hivyo hivyo.

Sasa tuutazame huo ufuta. Karibu nusu ya uzito wa mbegu ni mafuta, ndiyo yale wazee wa pwani wanayaita mafuta ya uto. Zamani Unguja na Lamu yalikamuliwa kwa kinu kilichozungushwa na ngamia, na katika karne ya 19 ufuta wa pwani hii ulivuka bahari mpaka Marseille, Ufaransa. Kwa hiyo kuuza siyo jambo jipya, na wala sisemi msiuze, mahitaji ya shule yanatoka humo humo. Ila katika kila gramu 100 za ufuta mna protini gramu 17 au 18, na madini ya chuma yapata miligramu 14. Chuma ndicho mwili unachotengenezea damu. Msichana anayepata hedhi anakihitaji zaidi kuliko kaka yake.

Lakini tusidanganyane. Kijiko kimoja cha chakula ni gramu 9 hivi, chuma chake ni miligramu 1 na kidogo, na chuma cha mimea mwili hauchukui chote. Ndiyo maana mnaambiwa mle na embe, chungwa au ukwaju, ambavyo vinasaidia chuma kuingia mwilini. Chai ya rangi pamoja na chakula inakizuia, ingojeni saa moja au mbili. Na kama una minyoo ya safura inayonyonya damu tumboni, au malaria inayovunja chembe za damu, utakula ufuta mpaka uchoke na kizunguzungu kibaki pale pale. Hapo ni zahanati, upimwe.

Kuula si kazi. Kaanga bila mafuta mpaka uanze kurukaruka, twanga, kisha changanya kwenye uji, mchicha au kisamvu. (Mlenda wa porini wanaokula wenzetu wa Dodoma, aina yake moja ni ndugu kabisa wa ufuta. Sugua jani la ufuta kwenye maji uone yanavyoteleza.) Hapa shuleni mnaweza kupanda mistari michache. Changanyeni mbegu na mchanga, kwa sababu ni ndogo mno, mfukie juu juu tu, na msichague mahali panapotuama maji. Ukate kabla vijumba vya mbegu havijapasuka vyote, usimamishe matita yakauke, la sivyo mavuno yote yanabaki chini kwa ndege.

Haya, mwarobaini. Nitaulizwa tu: je, bibi alikosea? Mti ule una kazi. Majani yake makavu huzuia wadudu kwenye maharage, na mbegu zake zikitwangwa na kulowekwa usiku kucha unapata dawa ya kunyunyizia mchicha. Lakini sufuria haina kipimo. Leo kali, kesho nyepesi, na mafuta ya mwarobaini yameshawahi kuua watoto wachanga. Ninyi mnaosema dawa za hospitali ni za kizungu, sikilizeni: dawa mseto ya malaria imetokana na mmea, ndugu wa pakanga. Mchina mmoja, mama Tu Youyou, na wenzake walitoa kiini chake mwaka 1972, na mwaka 2015 akapewa tuzo ya Nobel. Tofauti na sufuria ya bibi ni kwamba kila kidonge kina kipimo kinachojulikana.

Haya yote nilimweleza bibi baadaye, nikiwa nimeketi chini kwenye mkeka, siyo kwa kumfokea. Alinyamaza muda mrefu. Kisha akauliza kwa nini sikusema siku ile ya pili. Sikuwa na jibu. Msimu uliofuata, kabla magunia hayajakwenda mnadani, ni yeye aliyetenga debe moja akaliweka jikoni.

Maswali tutayapokea sasa. Kashata za ufuta zipo kwenye beseni pale nyuma, kila mtu moja. Ila kama ukila ufuta mwili unakuwasha au midomo inavimba, usiguse, njoo uniambie.