Virginia McKenna: Jukwaa, Simba na Tembo wa Kenya



Katika mitaa hii ya Posta, Dar es Salaam, palikuwa na sinema za Empire, Avalon na Empress. Humo wazee wetu waliwajua nyota wa Bombay, London na Hollywood kwa sura na kwa majina. Jioni hii namchukua nyota mmoja wa London, Virginia McKenna, nikiwa na hoja moja: Afrika Mashariki ilimpa mwigizaji huyu kazi ya maisha, lakini filamu alizoigiza kuihusu hazikuwapa waigizaji wetu nafasi ya kukumbukwa.

McKenna alizaliwa London Juni 1931. Vita Kuu ya Pili ilimpeleka Afrika Kusini akiwa mtoto. Aliporudi alisomea uigizaji, akaanzia jukwaa la Dundee, Scotland, na baadaye akaigiza Old Vic, nyumba ya Shakespeare jijini London. Filamu ya A Town Like Alice ya 1956 ilimpatia tuzo ya BAFTA. Mwaka 1979 alicheza The King and I pamoja na Yul Brynner katika ukumbi wa London Palladium, na kwa uhusika huo akatunukiwa tuzo ya Olivier.

Alikutana na Kenya mara ya kwanza kwa kuigiza tu. Filamu ya Simba ya 1955 ilitengenezwa wakati vita vya Mau Mau havijaisha, nayo ikavitazama kwa macho ya walowezi. Daktari Karanja aliigizwa na Earl Cameron wa Bermuda. Orlando Martins wa Nigeria naye akapewa uhusika wa Mkenya. Wakenya wakasimuliwa, wao wasisimulie.

Miaka kumi baadaye alifika mwenyewe. Yeye na mumewe, Bill Travers, waliigiza Joy na George Adamson, waliomlea simba jike Elsa, katika Born Free, filamu iliyotoka 1966. Iliwabidi watembee na simba nyikani siku baada ya siku mpaka wazoeane, George Adamson mwenyewe akiwa mshauri. Kazi ilipokwisha, simba wengi walipelekwa kwenye bustani za wanyama. Watatu tu, Boy, Girl na Ugas, walikabidhiwa kwa George awarudishe porini Meru. Filamu iliyosifu uhuru wa simba mmoja iliwafunga wenzake.

Baadaye McKenna na Travers waliigiza Kenya pamoja na mtoto wa tembo aliyeitwa Pole Pole. Serikali ya Kenya ilikuwa imemtoa zawadi kwa bustani ya wanyama ya London, na huko akafia mwaka 1983. Mwaka uliofuata McKenna, mumewe na mwana wao Will walianzisha shirika la kutetea wanyama, Zoo Check, ambalo leo ni Born Free Foundation. Mwaka 2023 alipopewa hadhi ya Dame nchini Uingereza, kilichotajwa ni utetezi wa wanyamapori.

Namheshimu kwa hilo. Wengi hupokea malipo, wakafunga mizigo na kuondoka. Yeye alibaki na deni la alichokiona. Lakini niulize: nani humu ukumbini anawajua Peter Lukoye na Omar Chambati? Ndio walioigiza Nuru na Makedde katika Born Free, wasaidizi wa Adamson. Dunia inalijua jina la simba Elsa kuliko majina yao.

Ninyi mnaosomea sanaa, msingoje London iwaandikie historia hii. Watafuteni waliouza tiketi, waliochora mabango, walioigiza redioni na jukwaani. Rekodini sauti zao, andikeni majina yao kamili, mzikabidhi maktaba zetu. Kazi hiyo ianze sasa, wangali hai.