Tumaini la Mgonjwa ni Jukumu la Jamii

(Mazungumzo kwa walimu na watumishi wa umma, Masama, Wilaya ya Hai)



Tangu Uhuru wa 1961 Taifa letu limehesabu maadui watatu: ujinga, umaskini na maradhi. Mengi yamesemwa juu ya hospitali, dawa na waganga katika vita dhidi ya adui huyo wa tatu. Machache yamesemwa juu ya silaha moja isiyowekwa ghalani, nayo ni tumaini la mgonjwa. Na madhali silaha hiyo yaweza kutumika vizuri au vibaya, yafaa ichunguzwe kwa makini.

Hapana haja ya kutafuta mfano mbali. Upande wa magharibi wa mlima, karibu na Sanya Juu, ipo Hospitali ya Kibong'oto, iliyoanzishwa mwaka 1926 kwa ajili ya wagonjwa wa kifua kikuu. Vijidudu vya ugonjwa huo vilikuwa vimekwisha kujulikana tangu 1882, Robert Koch alipovitangaza mjini Berlin, lakini dawa ya kuviua haikuwapo. Mgonjwa wa siku zile aliweza kupewa pumziko, chakula na hewa safi. Kilichobaki kilikuwa kungoja. Tumaini lake halikuwa na kitu cha kushika, wala hilo halikuwa kosa lake au la mganga.

Dawa zilianza kupatikana katika miaka ya 1940 na 1950. Walakini dawa peke yake haikutosha, maana wagonjwa waliianza kisha wakaiacha. Mwaka 1977 Tanzania ilianzisha mpango wa taifa wa kupambana na kifua kikuu na ukoma, kwa ushauri wa Dakta Karel Styblo. Msingi wake ulikuwa mwepesi kuelewa: dawa ifike wilayani, mgonjwa aandikwe katika daftari, na awepo mtu wa kumwona akimeza. Katika miaka ya 1990 Shirika la Afya Duniani lilieneza utaratibu wa namna hiyo katika nchi nyingi. Hivyo pamoja na kidonge, mgonjwa alipewa mtu atakayemwuliza kesho. Hapo tumaini lilipata pa kushika.

Walakini isidhaniwe kwamba hatari ipo katika kukata tamaa tu. Tiba ya kawaida ya kifua kikuu huchukua miezi sita: dawa nne kwa miezi miwili, kisha dawa mbili kwa miezi minne. Ikifika mwezi wa pili, mara nyingi kikohozi kimepungua, jasho la usiku limekoma na uzito unarudi. Mgonjwa hujiona amepona, akaacha dawa. Huyu hakukosa tumaini. Tumaini lake lilikuwa na haraka. Vijidudu vilivyobaki huweza kuinuka tena vikiwa sugu, vikahitaji tiba nzito zaidi, ambayo Kibong'oto ilianza kuitoa mwaka 2009. Mkulima wa kahawa wa Masama analielewa jambo hili bila kufundishwa. Mibuni ikichanua maua meupe baada ya mvua, yeye hafungi hesabu ya mauzo, wala haachi palizi.

Mwaka 2011 maelfu ya watu walipanga foleni katika kijiji cha Samunge, Loliondo, ili kunywa kikombe cha dawa ya mitishamba kwa shilingi 500. Miongoni mwao walikuwamo wagonjwa wa UKIMWI, kisukari na kifua kikuu, na wapo walioacha dawa zao za hospitali baada ya kunywa. Haifai kuwacheka. Mtu aliyeambiwa kwamba atameza dawa maisha yake yote, kisha akasikia kwamba kikombe kimoja chatosha, ni vigumu asisafiri. Linalofaa kuulizwa ni kama nyumbani na kazini kwake alikuwapo wa kumtia moyo kila siku, kabla hajaenda kuutafuta mbali.

Hapa ndipo wajibu wa mwalimu na mtumishi wa umma unapoanza. Wahenga walisema mficha maradhi kilio humfichua. Lakini mtu huficha kwa sababu ameona waliotangulia walivyotendewa. Mwalimu akirudi kutoka hospitali akakuta kikombe chake kimetengwa katika chumba cha walimu, amekwisha kuhukumiwa. Na hukumu hiyo ni ya ujinga, kwa kuwa kifua kikuu huenezwa kwa hewa, si kwa vyombo, na mgonjwa aliye katika tiba sahihi kwa kawaida huacha kuambukiza baada ya majuma machache.

Basi mkuu wa shule atoe ruhusa ya kwenda kliniki bila kunung'unika. Mkuu wa ofisi atunze siri aliyokabidhiwa. Jirani aulize, "Leo umemeza?" hata katika mwezi wa tano, mgonjwa anapoonekana mzima na kuudhika kuulizwa. Na yule ambaye ugonjwa wake hauna dawa ya kuuponya asidanganywe. Aelezwe ukweli, apunguziwe maumivu, na aendelee kuombwa shauri katika mambo ya nyumba na ya kijiji. Mtu anayeombwa shauri anajua kwamba bado anahitajika, na kwa mgonjwa huyo tumaini ndilo hilo.