Herufi Zinazowaka Mji wa Kale: Swichi Ashike Nani?

Haya ni mazungumzo niliyoyatoa barazani juzi. Nimeyakata vipande ili ambao hawakuwapo wayasome. Masharti ni yaleyale ya siku zote: hapa hatutaji mwanasiasa wala chama.

1. Tuanze na mchezo. Chukulia kesho bunge la kaunti linaletewa Mswada wa Herufi za Mwanga. Nimeubuni mimi, msiutafute. Una mambo matatu. Kwanza, hakuna kuweka maandishi yanayowaka Mji wa Kale bila kibali. Pili, kibali kinalipiwa kila mwaka. Tatu, afisa anaweza kung'oa bango lolote ambalo "kwa maoni yake" linaharibu sura ya mji. Je, ungeunga mkono? Usijibu haraka.

2. Wa kwanza kusimama atasema, "Huu ni mji wa turathi." Ni kweli. Mji wa Kale ulitangazwa eneo la hifadhi. Lakini hapo watu huchanganya mambo. Utasikia, "UNESCO watatufuta!" Kilichoingia kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 2011 ni Ngome ya Yesu, ile waliyoijenga Wareno kuanzia 1593. Mazingira ya Ngome yana uzito wake, sawa, lakini si kila kibao cha Ndia Kuu kimo kwenye orodha ile. Mtu akikutisha kwa jina kubwa, muulize: limeandikwa wapi?

3. Wa pili atasema, "Na riziki je?" Naye ana haki. Mama anayeuza viazi karai usiku, kile kibao chake cha taa ndicho kinachomwambia mpita njia kwamba karai bado iko motoni. Duka la dawa nalo, saa sita za usiku mtoto ana homa, ile taa ndiyo unayoitafuta wewe. Ukipiga marufuku mwanga wote, umewazima hawa pia.

4. Wa tatu huwa hasemi, manake mikutanoni hafiki. Kwangu mimi ni bibi yangu. Chumba chake kiko ghorofani, na vichochoro vyetu mwavijua, ukinyoosha mkono ni kama wagusa ukuta wa jirani. Ng'ambo ya pili kuna bango linalobadilisha rangi hadi alfajiri. Bibi ametundika leso mbili dirishani na bado chumba chawa chekundu, chawa kijani. Mwenye duka ni kijana mzuri, akimpita humwamkia. Bibi hataki duka lifungwe. Ataka kulala. Basi mjadala si wa wema na wabaya. Wote watatu wana haki, na kazi ya sheria ni kuzipanga haki hizo zikae pamoja.

5. Sasa, nani mwenye mamlaka? Fungua Katiba ya 2010, Jedwali la Nne. Matangazo ya nje yamewekwa chini ya kaunti, kwenye fungu moja na kelele na kero nyingine za umma. Lakini majengo ya kale na ya kihistoria yenye umuhimu wa kitaifa yako chini ya serikali kuu, na ndipo inapoingia Sheria ya Makavazi na Turathi ya 2006. Kwa hivyo bango moja, kwenye ukuta mmoja wa zamani, lina wakubwa wawili. Ukisikia upande mmoja wadai "hii ni yetu peke yetu", jua wamesoma nusu ya ukurasa.

6. Pesa. Kifungu cha 210 chasema hakuna kodi wala ada ya leseni itakayotozwa isipokuwa kwa mujibu wa sheria. Kanjo akija dukani na bei ya mdomoni, hiyo si ada. Omba kuona ilipoandikwa. Pia uliza: ada yalipia huduma gani? Kama hakuna anayekuja kupima mwanga wala kukagua nyaya, tunalipia nini?

7. Kuulizwa. Kifungu cha 196 chalitaka bunge la kaunti lishirikishe wananchi. Si hisani hiyo. Mwaka 2014 Mahakama Kuu ilibatilisha Sheria ya Fedha ya Kaunti ya Kiambu ya 2013 kwa sababu wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Hapa kwetu mwaka 2018 lilitoka agizo la kupaka majengo rangi nyeupe na buluu. Wako walioipenda ile sura, wako waliouliza rangi italipiwa na nani. Swali lilikuwa lilelile: je, tuliulizwa kabla, au tuliambiwa baadaye?

8. Turudi kwenye mswada wangu. Mmeona hatari yake iko wapi? Si kibali, wala si ada. Ni yale maneno matatu, "kwa maoni yake". Leo maoni yake ni kwamba bango lako ni baya. Kesho bango lilelile la mtu anayejuana naye ni zuri. Kifungu cha 47 chataka uamuzi wa serikali uwe wa haki, na haki yako ikiguswa upewe sababu kwa maandishi. Maoni ya mtu hayapimiki. Saa na ukubwa vyapimika.

9. Msimamo wangu, na mwaweza kuupinga: sheria iwepo, lakini ipime. Iseme mwanga mkali mwisho saa ngapi, bango ukubwa gani, na lisimetemete mbele ya dirisha la mtu. Duka la dawa lipewe nafasi yake. Kibao kidogo cha mama wa viazi kisitozwe. Aliye na bango tayari apewe muda na notisi, asing'olewe usiku. Na mkutano wa maoni ufanywe hapa hapa Mji wa Kale, kwa Kiswahili, saa ambayo bibi yangu aweza kufika.

Kwa hivyo mkisikia mjadala wa bango, soko au rangi ya ukuta, ulizeni manne: nani ana mamlaka, pesa zaenda wapi, nani aliulizwa, na nani anaamua "kwa maoni yake".

Haya, uwanja ni wenu. Wewe ungefuta kipengele gani kwenye mswada wangu?